Maswali ya Mezani: Etha, tabaka lililo nyuma ya kila ukuta

Barua za safari hii zimeangukia mahali pamoja. Karibu nyote mnauliza juu ya Etha, lile tabaka la ukungu ambalo mchezo wa Dungeons & Dragons umelilaza sambamba na dunia ya kawaida. Kabla ya majibu, tukubaliane maneno. Tabano ni uchawi mmoja wenye jina lake na ngazi yake, kuanzia ya 0 hadi ya 9; ngazi ya mhusika ni hesabu nyingine. Mwongozaji ni yule anayeendesha mchezo. Raundi ni sekunde 6. Vipimo tumeviacha katika futi kwa sababu ramani za mchezo zimegawanywa miraba ya futi 5. Anayetaka mita ahesabu futi 10 kuwa karibu mita 3. Kanuni tunazofuata ni za toleo la 5, la mwaka 2014. Wenye toleo lililorekebishwa la 2024 wakague namba zao kabla hawajatubishia.

Mwongozaji wetu anasema Etha ni ulimwengu wa wafu. Mwenzangu anasema ni uchawi wa kutoonekana tu. Nani mkweli? — Msomaji, Morogoro

Hakuna. Etha ni mahali. Ukishaielewa hivyo, nusu ya ugomvi wa mezani unakwisha, maana swali la kwanza daima linakuwa: huyu yuko upande gani sasa hivi?

Fikiria umelala ndani ya chandarua kizito. Chumba unakiona, lakini rangi zimefifia na pembe za mbali huzioni. Sauti za nje unazisikia. Sasa ongeza mambo mawili: aliye nje ya chandarua hakuoni wala hakusikii, na kuta za chumba hazikuzuii tena. Huo ndio Ukingo wa Etha. Kila hatua yake imelala juu ya hatua moja ya dunia, kwa hiyo ukitembea futi 30 kule, umesogea futi 30 huku pia. Aliyeingia kwa tabano anaona na kusikia upande wa pili hadi futi 60, kila kitu kikiwa kijivu. Hawezi kumgusa aliye huku, na wa huku hawezi kumgusa.

Nyuma ya Ukingo kuna Kilindi cha Etha, nacho hakikulala juu ya chochote. Ni ukungu unaochemka, wenye mapazia ya rangi yaliyotawanyika. Ukipenya pazia unatokea kwenye Ukingo wa ulimwengu fulani: feruzi inakurudisha kwenye dunia ya kawaida, rangi ya chungwa inakupeleka kwenye moto, kijani kwenye maji, buluu iliyopauka kwenye hewa, na wekundu wa udongo kwenye ardhi. Safari kutoka pazia hadi pazia huchukua dadu ya pande 10 mara saa 10, yaani kati ya saa 10 na saa 100. Tabano la kuingia Ukingoni halikufikishi Kilindini. Kule kunahitaji tabano la kuhama tabaka, lango, au mlango wa kichawi.

Kuna mawili yanayosahaulika sana kuhusu Ukingo. La kwanza: vitu visivyo na uhai havikuzuii, lakini viumbe hai wanakuzuia, na chochote kilichoundwa kwa nguvu tupu ya kichawi kinakuzuia pia. Huwezi kumpenya mlinzi aliyesimama mlangoni. Pita ukutani, kando yake. La pili: kule hakuna uzito unaokuvuta chini, kwa hiyo sakafu ikikosekana huanguki.

Mchawi wetu wa ngazi ya 13 aliingia Etha akapenya chini ya mlima. Muda ukamwishia akiwa ndani ya mwamba. Mwongozaji akatangaza amekufa papo hapo, mezani pakawa hapatoshi. Ni haki? — Msomaji, Nakuru

Si haki kwa kuwa hakupiga hesabu, ingawa hesabu yenyewe ingeweza kufika karibu na hapo.

Tabano la ngazi ya 7 la kuingia Etha linadumu hadi saa 8. Likikoma, unarudi pale pale ulipo. Pakiwa na kitu kigumu au kiumbe, unasukumwa hadi nafasi tupu iliyo karibu zaidi inayokutosha, na unapata majeraha mara mbili ya idadi ya futi ulizosukumwa. Ukuta wa ngome wenye unene wa futi 10, ukiwa katikati yake: unasukumwa futi 5, majeraha 10. Mchubuko tu. Mwamba ambao hewa iliyo karibu iko futi 60: majeraha 120. Mchawi wa ngazi ya 13 mwenye afya ya wastani ana pointi za uhai kama 80. Anaanguka hoi, lakini hajafa papo hapo, kwa sababu majeraha yanayobaki baada ya kufikia sifuri ni 40 na kifo cha papo hapo kinataka yafikie 80, yaani pointi zake zote akiwa mzima. Anaanza kupiga dadu za kifo, zinazoamua kama atapona au atakufa, kama mtu mwingine yeyote. Angekuwa amezama futi 80, majeraha yangekuwa 160, na hapo mwongozaji wenu angekuwa sahihi bila kubahatisha.

Makosa mengine tunayoyaona kwenye tabano hili hili. Watu hudhani linahitaji umakini, kwamba ukipigwa unaweza kulipoteza. Halihitaji. Watu hudhani linabeba kundi zima. Likitabanwa kwa ngazi ya 7 linakuchukua wewe peke yako. Kwa ngazi ya 8 mnaingia watatu, wewe ukiwemo; kwa ngazi ya 9, sita; na wote wawe ndani ya futi 10 kutoka kwako. Kundi la watu wanne linahitaji nafasi ya kutabana ya ngazi ya 9, na mchawi haifikii kabla ya ngazi yake ya 17.

Tena, kupanda na kushuka. Tabano linasema kila futi ya kwenda juu au chini inakugharimu futi mbili, kwa hiyo mwenye mwendo wa futi 30 anapanda 15 kwa raundi. Kitabu cha mwongozaji nacho kinasema katika Etha kupanda ni rahisi sawa na kutembea. Zinagongana, naam. Kanuni mahususi huishinda ya jumla: aliyeingia kwa tabano alipe mara mbili, na wenyeji wa kule wapande bure. Isitoshe ni jambo la kupendeza mezani, mgeni akihema huku mwenyeji akimzunguka kama samaki.

Anayekwenda kupeleleza aweke saa ya simu mezani na apange kurudi dakika 30 za mchezo kabla ya mwisho. Kulikatisha tabano mwenyewe kunagharimu kitendo kimoja tu.

Shikamooni. Tulimwona mzuka waziwazi, tukampiga kwa mapanga, mwongozaji akasema hatumgusi. Kama tunamwona, kwa nini hatumgusi? — Msomaji mwenye miaka 15, Tanga

Marahaba. Kwa sababu mzuka ana ruhusa yake ya pekee. Akiwa Ukingoni mwa Etha anaonekana huku, na akiwa huku anaonekana Ukingoni, lakini hawezi kugusa wala kuguswa na walio upande wa pili. Wengine wote wakivuka wanatoweka machoni. Yeye anabaki kama picha kwenye kioo. Muulize mwongozaji swali moja tu: "Mzuka yuko upande gani?" Akijibu "Etha", weka panga chini. Hata yeye hakuwezi akiwa kule. Akitaka kukuingia mwilini au kukugusa lazima avuke kuja huku, na hapo ndipo pa kumpiga. Ana pointi 45 za uhai na kinga ya 11, si mgumu kumpata. Angalia tu: silaha za kawaida zisizo na uchawi zinamuumiza nusu.

Kuona si kugusa hata kwa wenye tabano la ngazi ya 2 la kuona yasiyoonekana. Linadumu saa 1 na linafungua macho hadi ndani ya Etha. Viumbe wa kule wanaonekana kama moshi. Lakini mshale wako utawapita.

Dawa ya buibui wa Etha ni nyingine kabisa, na ni ya subira. Huyo anavuka kwa kitendo cha ziada: anatokea, anauma, na zamu inayofuata anatoweka. Kumkimbilia hakusaidii. Kwenye zamu yako tangaza unasubiri: "Akitokea karibu nami, nampiga." Atakapotokea utampiga kwa mwitikio wako. Pigo ni moja tu, hata kama una haki ya kupiga mara mbili kwa zamu, kwa sababu haki hiyo inahesabiwa ndani ya zamu yako mwenyewe. Ana pointi 32. Watu wanne wakisubiri pamoja, wakimpata, mara nyingi harudi mara ya pili.

Tabano la Kufumba na Kufumbua lina faida gani ikiwa nusu ya wakati halifanyi kazi? — Msomaji, Eldoret

Nusu hiyo hiyo ndiyo faida. Mwisho wa kila zamu yako unapiga dadu ya pande 20; ikitoka 11 au zaidi unahamia Etha hadi zamu yako ijayo ianze, kisha unarudi ndani ya futi 10 kutoka ulipotowekea, mahali unapopachagua. Dakika 1 ni raundi 10, kwa hiyo tarajia kama raundi 5 ambazo adui hana wa kumpiga. Halihitaji umakini, na kwa ngazi ya 3 hiyo ni bei nzuri. Linaharibika ukilitabana ukiwa tayari Etha, nafasi inapotea bure. Na kama kuna buibui anayekusubiri kule, umempelekea chakula.

Kila usiku mmoja wetu anaamka na uhai uliopungua. Mwongozaji anatabasamu tu. Tunashuku kuna kitu Etha. Tufanyeje? — Kundi la wachezaji watano, Bujumbura

Mna ajuza wa usiku. Kwa Kiswahili mngesema mwenzenu anakabwa na jinamizi, na kwa kweli mchezo umelipa jinamizi miguu na anwani. Ajuza huyu anakaa Ukingoni, na kwa ruhusa yake ya pekee anamgusa mtu aliyelala huku, mara moja kwa siku. Mguso ukidumu saa 1 au zaidi, aliyelala haambulii chochote katika mapumziko yake na kilele cha uhai wake kinashuka kwa dadu ya pande 10, wastani wa 5.5. Hakirudi kwa kulala. Mhusika mwenye kilele cha 24 ana siku nne au tano. Kikifika sifuri anakufa, na kama alikuwa mwovu, roho yake inaishia kwenye mfuko wa ajuza.

Aliyekwisha kupungukiwa anarudishwa kwa tabano la urejesho mkuu la ngazi ya 5, pamoja na unga wa almasi wa sarafu 100 za dhahabu unaoteketea. Hiyo ni tiba. Kinga ni ngumu zaidi kuliko inavyoonekana, na hapa ndipo makundi mengi yanapoumia.

Tabano la ngazi ya 1 la kinga dhidi ya mema na maovu linauzuia mguso, lakini linadumu dakika 10 tu na linahitaji umakini. Kumpaka mtu kinga saa 3 usiku akalale hadi alfajiri hakuna maana. Duara la kinga la ngazi ya 3 nalo linauzuia. Linachukua dakika 1 kulichora, lina upana wa futi 10 kutoka katikati, linakula unga wa fedha na chuma wa sarafu 100, na linadumu saa 1. Kila ngazi ya juu inaongeza saa 1. Usiku wa saa 8 kwa ngazi ya 3 ni maduara manane na sarafu 800. Hakuna kundi linalomudu hilo kila siku.

Kwa hiyo msilinde usiku mzima. Lindeni kwa jicho. Mchawi wa zamu atabane kuona yasiyoonekana kila saa anayoweza, na akimwona mzee amejiinamia juu ya mtu, kinga ya ngazi ya 1 itabanwe hapo hapo. Mguso ukivunjwa kabla ya saa 1 haudhuru, na kwa kuwa ajuza ana mguso mmoja kwa siku, ameshautumia. Kama kundi lenu lina mwelfu, yaani mhusika wa jamii ya elf, mjue yeye hayumo hatarini: welfu hawalali, hukaa katika tafakuri kwa saa 4, na mguso unamtaka binadamu au mfano wake aliyelala usingizi.

Kibanda cha ngazi ya 3, kile kuba la futi 10 linalodumu saa 8, ni cha nguvu tupu, na tumeshasema nguvu tupu inasimama pande zote mbili. Sisi tungeruhusu kimzuie. Maandishi ya tabano lenyewe hayaitaji Etha, kwa hiyo ulizeni kabla ya kulala, msije mkabishana asubuhi.

Ukitaka kulimaliza kabisa, tafuta jiwe. Ajuza havuki bila jiwe la moyo, kito cheusi anachotembea nacho. Likiibwa akiwa huku, amekwama huku, na kutengeneza jingine kunamchukua siku 30. Mwizi wenu apewe kazi hiyo. Kupambana naye uso kwa uso, ana pointi 112, ni kwa kundi lililojiandaa.

Naongoza mchezo. Wachezaji wangu sasa wanaingia kila hazina kwa njia ya Etha. Nizuie vipi bila kuonekana mkorofi? — Msomaji, Muscat

Weka gharama inayolingana na mwenye hazina. Mfalme au hekalu kubwa watatumia tabano la marufuku, ngazi ya 6: linafunika futi 40,000 za mraba, kimo futi 30, na linafunga njia zote za Etha, za Astrali (tabaka jingine, tutalifikia) na za kuhama tabaka. Linatabanwa kwa dakika 10, linadumu siku 1. Likirudiwa mahali pale pale siku 30 mfululizo linakuwa la kudumu hadi livunjwe, na unga wa rubi wa sarafu 1,000 unateketea siku ile ya mwisho tu. Watu hukosea hapo, wanadhani ni sarafu 30,000. Kuhani akiugua siku ya 19, hesabu inaanza upya, na hilo peke yake ni kisa cha kuchezwa.

Tajiri wa kawaida atamudu faragha ya ngazi ya 4. Inafunga mchemraba wa kuanzia futi 5 hadi 100, kwa saa 24, na vifaa vyake havina bei iliyotajwa. Kuifanya ya kudumu kunataka mwaka mzima wa kurudia kila siku. Ukuta wa nguvu wa ngazi ya 5 unazuia Etha pia, lakini ni dakika 10 na unakula umakini. Huo ni wa vitani.

Maskini je? Viumbe hai wanazuia. Tumeulizwa zaidi ya mara moja kama ua wa minyaa ni kiumbe hai. Sisi tunasema ndiyo, mradi umefungamana pasiwe na upenyo wa mtu kupita, na juu pia pafunikwe, kwa sababu kule mtu anapanda. Zizi la mbuzi waliobanana mbele ya mlango linafanya kazi hadi mbuzi mmoja aamue kulala upande mwingine.

Niliweka mfuko wa shehena ndani ya shimo la kubeba ili kuokoa nafasi. Kundi zima likatoweka. Je, tuko Etha? — Msomaji, Minneapolis

Hapana, mko Astrali, na poleni. Etha inaunganisha dunia na ulimwengu wa elementi. Astrali inaunganisha dunia na makao ya miungu. Mifuko ya aina hii, ya kichawi yenye nafasi kubwa ndani kuliko nje, ikiharibika humwagikia Astrali.

Mfuko wa shehena una mdomo wa futi 2 na kina cha futi 4, lakini ndani unabeba futi 64 za ujazo na hadi pauni 500, kama kilo 227. Wenyewe daima una uzito wa pauni 15. Ukiujaza kupita hapo, ukitobolewa, au ukichanika, unapasuka na mali yote inatawanyika Astrali. Upanga uchi usiingizwe bila ala. Ukiupindua nje ndani, vitu vinamwagika salama. Kiumbe anayepumua ana dakika 10 zigawanywe kwa idadi yao: wawili wana dakika 5, watano wana 2. Halafu wanaanza kukosa pumzi.

Kuuingiza ndani ya chombo kingine cha aina yake, liwe shimo la kubeba au begi la mgongoni la kichawi, kunaharibu vyote viwili na kufungua lango. Aliye ndani ya futi 10 anavutwa na kutupwa mahali popote Astrali, kisha lango linafunga. Ni la njia moja, halifunguki tena.

Habari njema ni kwamba hamna haraka. Kule hamuoni njaa wala kiu, wala hamzeeki. Mwendo ni wa mawazo: vitani kila mmoja ana futi 3 mara alama yake ya akili. Jitu lenye nguvu na akili ya 8 linakwenda 24, mchawi wa akili ya 18 anakwenda 54, kwa mara ya kwanza yeye ndiye wa mbele. Kurudi kunahitaji tabano la kuhama tabaka, ngazi ya 7, linalomchukua anayetabana na hadi wengine 8 walioshikana mikono, pamoja na uma wa chuma wa sarafu 250 uliowekewa mlio wa dunia yenu. Kama uma ulikuwa ndani ya mfuko ule, anzeni kutafuta madimbwi ya rangi yanayofunguka kwenda kwingine.

Ile kamba ya fedha mliyoisikia haiwahusu. Ni ya wanaokwenda kwa makadirio ya roho, tabano la ngazi ya 9, miili yao ikibaki nyumbani. Ninyi mmekwenda na miili yenu.

Mfumo na Etha ni kitu kimoja? — Msomaji, Dodoma

Sivyo. Mfumo ni wa ulimwengu wa Toril, ule wa Forgotten Realms, mojawapo ya mandhari za mchezo huu, uliochapishwa mwaka 1987. Neno lichukulieni kwa maana yake ya asili ya kufuma, si mfumo wa malipo. Uchawi mbichi ni pamba. Mfumo ni nguo iliyokwisha kufumwa, mtande na mshindio, na mungu wa kike Mystra ndiye mwenye kitanda cha mfumi. Anayetabana anavuta uzi. Huwezi kutembea ndani ya Mfumo kama unavyotembea Etha. Ukichanika mahali fulani, matabano hayashiki hapo kabisa au yanakwenda kombo. Katika kalenda ya Toril mwaka 1385 Mystra aliuawa, Mfumo ukaporomoka, na uchawi ukawa tauni. Etha haikuondoka kwa sababu hiyo, maana mahali hapafi kwa kukosa mfumi.

Kuna mtu aliwahi kuiamini Etha kwa kweli? — Msomaji, Kampala

Wanafizikia, na kwa sababu nzuri. Wagiriki wa kale waliita etha kile kinachojaza mbingu. Karne ya 19 wataalamu walihitaji kitu cha kubeba mawimbi ya mwanga, kama maji yanavyobeba ya bahari. Mwaka 1887 huko Cleveland, Marekani, Albert Michelson na Edward Morley waliweka vioo juu ya bamba la jiwe lililoelea kwenye zebaki, wakagawa mwali wa mwanga pande mbili wakitafuta upepo wa etha. Walitarajia mistari ya mwanga isogee kwa 0.4 ya upana wake. Kilichoonekana hakikufika hata sehemu ya 20 ya hapo. Einstein mwaka 1905 akaendelea bila kuihitaji.

Wakati huo huo jumuiya ya Watheosofia, iliyoanzishwa New York mwaka 1875, ilikuwa ikisambaza mazungumzo ya miili ya etha na ya astrali. Maneno yalipoachwa na maabara yakaokotwa na watunzi wa hadithi. Mchezo wenyewe ulitoka 1974, na mwaka 1977 Gary Gygax akayapanga matabaka hayo yote katika makala moja yenye mchoro. Ndiyo maana Etha ya mezani ina tabia ya gesi: inaenea kila mahali na haizuiliwi na ukuta.

Naandika mchezo wa pwani. Naweza kuiita Etha "Ujinini" na kutafsiri kanuni bila kushtakiwa? — Msomaji, Mombasa

Kanuni za msingi za toleo la 5 zilitolewa Januari 2023 chini ya leseni ya Creative Commons inayodai kutajwa kwa chanzo tu. Tafsiri, badilisha, hata uza. Weka tamko la chanzo kama lilivyoandikwa ndani ya waraka. Majina kama Mystra na Toril hayamo, yaache. Etha, mzuka, ajuza, buibui na mifuko yote tuliyoitaja yamo.

Ujinini ni jina zuri kuliko Etha. Lakini usibadilishe jina ukaacha kanuni zile zile, maana msikilizaji wa pwani anajua majini wana miji, ndoa na biashara, na wanaonana na watu wakitaka. Badili matatu. Wenyeji wa Ujinini waweze kuonekana huku kwa hiari yao, kama mzuka. Kuvuka kuwe rahisi penye mbuyu mkubwa na njia panda: tabano la ngazi ya 7 litabanwe pale kwa ngazi ya 5. Na wakati wa kurudi pawe na mwenyeji wa kuaga. Asiyeaga apate majeraha ya kusukumwa hata kama hakutokea ndani ya kitu, tuseme futi 10, yaani 20. Neno barzakh, la makao ya roho kabla ya kiyama, liache. Kwa wachezaji wengi wa mezani kwako hilo si la mchezo, na hulihitaji.

Jaribu kwanza na kundi dogo usiku mmoja, wahusika wa ngazi ya 9, kwa kuwa ndipo nafasi za ngazi ya 5 zinapoanza. Ukiona wanapita mbuyu huo huo kila mara, uangushe kwa radi.